Mti Ulioachwa Usimame: Mbuyu katika Visasili, Lugha na Historia ya Ugogo



1.0 Utangulizi

Katika nchi ya Wagiriki wa kale, upande wa kaskazini-magharibi, palikuwa na mahali paitwapo Dodona. Hapo ulisimama mti wa mwaloni uliosadikiwa kuwa ni mti wa mungu Zeus. Makuhani waliusikiliza uvumi wa majani yake na kuufasiri kuwa ni kauli ya mungu. Herodotus, mwanahistoria wa karne ya 5 kabla ya Kristo, anasimulia asili ya mahali hapo. Njiwa wawili weusi waliruka kutoka Thebes ya Misri. Mmoja alikwenda Libya; wa pili alitua juu ya mwaloni wa Dodona, akasema kwa sauti ya binadamu kwamba hapo pawe mahali pa kumwuliza Zeus. Herodotus mwenyewe hakuridhika na habari ya njiwa kusema. Alidhani kwamba hao walikuwa wanawake waliochukuliwa kutoka Misri, na kwamba lugha yao ngeni ilisikika masikioni mwa wenyeji kama sauti ya ndege. Walipojifunza lugha ya wenyeji, ndipo watu waliposema kwamba njiwa amenena.

Sikuanza na Dodona kwa sababu jina lake lafanana na Dodoma. Ufanano huo ni wa bahati tu, na mwanaisimu anayejenga hoja juu ya ufanano wa sauti peke yake hujenga juu ya mchanga. Jina la Dodoma, kwa mapokeo ya Wagogo, latokana na neno idodomya, yaani pamedidimia. Wako wanaosema kwamba aliyedidimia ni tembo aliyekuja kunywa maji. Wako wanaosema kwamba wenyeji waliwachinja ng'ombe wa jirani, wakaichomeka mikia yao matopeni, na wenye mali walipofika wakaambiwa kwamba ng'ombe wamezama. Nimeanza na Dodona kwa sababu Herodotus anatufundisha njia. Hakuidharau hadithi ya mti kwa kuwa haisadikiki, wala hakuipokea jinsi ilivyo. Aliiuliza: ndani yako mna habari gani ya watu? Nani alikuja, kutoka wapi, akisema lugha gani?

Mhadhara huu unakusudia kuuliza swali hilohilo kwa mbuyu. Katika taaluma ya fasihi simulizi tunatofautisha kisasili, ambacho hueleza asili ya vitu, na kisakale, ambacho husimulia tukio la kale linalofungamanishwa na mahali na watu fulani. Mbuyu una vyote viwili. Hoja yangu ni moja: katika Ugogo, mbuyu ulikuwa shahidi wa makazi ya watu, na lugha yetu ya leo imemsahau shahidi huyo hata ikamgeuza kuwa maficho.

2.0 Mwaloni: jina lililofika bila mti

Kwa watu wa Ulaya, mwaloni ni mti wa nguvu na wa mamlaka. Katika Kilatini neno robur lilikuwa na maana ya mwaloni na pia maana ya nguvu. Karibu mwaka 723, mmisionari Boniface aliukata mwaloni uliowekwa wakfu kwa mungu wa ngurumo huko Geismar, Ujerumani, na mbao zake zikajengea kanisa. Aliyeukata alielewa kwamba mti ule ulikuwa hati ya imani ya watu, na kwamba kuuangusha ni kuifuta hati hiyo. Mwaka 1651, baada ya kushindwa vitani Worcester, Charles II wa Uingereza alijificha katika matawi ya mwaloni huko Boscobel. Aliporejeshwa kwenye kiti cha ufalme mwaka 1660, mti uliomficha ukawa alama ya ufalme wenyewe. Tukumbuke habari ya mti huo uliomficha mtu na kutunukiwa heshima, kwa maana tutairudia.

Mwaloni haumei kwa asili yake kusini mwa Sahara, ingawa hupatikana Moroko, Aljeria na Tunisia. Hata hivyo Mswahili msomaji wa Biblia analijua jina lake. Katika tafsiri ya Muungano ya mwaka 1952, Abramu anafika kwenye mwaloni wa More, na baadaye anatokewa na Mungu penye mialoni ya Mamre. Absalomu naye ananaswa kwa kichwa katika mwaloni. Neno hili lilitoka wapi? Tukiliondolea kiambishi ngeli mw-, tunabaki na umbo lililo karibu sana na allon la Kiebrania, ambalo ndilo jina la mti huo. Wafasiri walilivika neno la Kiebrania ngeli ya miti ya Kiswahili, wakalipeleka kanisani.

Hapa pana jambo la kutufikirisha. Mwenyeji wa Mwanza akisikia mwaloni anaweza kudhani ni mwalo, yaani mahali pa kushushia samaki, pamoja na kiambishi cha mahali -ni. Na soko la samaki la Kirumba Mwaloni lampa haki ya kudhani hivyo. Neno limefika, mti haukufika. Tunalo jina la mti tusioujua, ambalo limehifadhiwa kitabuni kwa uangalifu mkubwa. Upande wa pili tunao mti tunaouona kila siku hapa Dodoma, ambao majina yake hatujayaandika. Hiyo ndiyo hasara ninayotaka kuizungumzia.

3.0 Mbuyu katika lugha

Kiswahili kimeuzungushia mti huu familia nzima ya maneno. Mzizi -buyu hupita katika ngeli nne, na kila ngeli huuonyesha upande mmoja wa maisha. Mbuyu ni mti. Buyu ni tunda lake, na pia chombo cha kuchotea maji kinachotengenezwa kwa ganda lake. Ubuyu ni unga mchachu ulio ndani ya tunda. Kibuyu ni chombo kidogo cha kuwekea maji, maziwa, pombe au dawa. Lugha haitoi mtawanyiko wa namna hii kwa mti ambao watu wanaupita tu njiani.

Makabila jirani yana majina yao. Wasukuma husema ng'wandu, Wakamba wa Kenya husema mwamba, na wasemaji wa Kinyanja huko Malawi husema mlambe. Wagogo husema mpela. Naomba tulitazame vizuri jina hili la mwisho. Mgeni asiyezoea sauti za Cigogo, mwenye kuandika l na r bila uangalifu, anaweza kuandika mpera, na mpera katika Kiswahili ni mti wa matunda tuliyoyapata kwa njia ya Wareno. Kosa la herufi moja katika daftari la karani laweza kuugeuza mti wa mababu kuwa mti uliokuja kwa merikebu.

Jina la kisayansi, Adansonia digitata, lamkumbuka Mfaransa Michel Adanson, aliyeuchunguza mti huu nchini Senegal kati ya miaka 1749 na 1753. Leo wataalamu wa mimea wanatambua aina nane za mibuyu: sita ni za Bukini, moja ni ya Australia, na moja ni hii ya bara la Afrika. Mti wetu pia umesafiri kwa njia ya bahari pamoja na watu. Hupatikana Bara Hindi, na vilevile katika milima ya Dhofar nchini Omani.

4.0 Visasili vya mbuyu

Kisasili kinachojulikana zaidi, kutoka Afrika Magharibi hadi pwani yetu, ni kile cha mti uliopandwa kichwa chini. Wengine husema kwamba mbuyu ulijivuna, au ulilalamika mno, hata Muumba akaung'oa na kuuchomeka mizizi juu. Wengine husema kwamba fisi ndiye aliyepewa kuupanda, akaupanda kinyume kwa ujinga au kwa ukorofi. Ni hadithi ya kiburi na adhabu yake, lakini pia ni maelezo ya jambo linaloonekana. Mbuyu hupukutisha majani wakati wa kiangazi na kusimama mtupu kwa miezi mingi, matawi yake mafupi yakielekea mbinguni mithili ya mizizi.

Kundi la pili ni la imani kwamba mbuyu ni makao ya mizimu na majini. Katika pwani si ajabu kukuta vitambaa vyeupe au vyekundu vimefungwa penye shina, na chetezo cha ubani chini yake. Mbuyu hujenga imani hizi kwa tabia zake. Huchanua usiku, ua lake hudumu usiku mmoja tu, na popo ndio wanaolizuru. Shina kuukuu huwa na uwazi ndani, ambamo nyuki, bundi na hata binadamu huweza kukaa. Ukilichuna gome lake kwa ajili ya kamba, mti haufi, bali huota gome jipya. Kwa mtu wa kale, kitu kisichokufa kwa kuchunwa ngozi hakikuwa kitu cha kawaida.

Kundi la tatu ni la kuzunguka. Katika magofu ya Kaole, karibu na Bagamoyo, upo mbuyu mkongwe ambao wageni huambiwa kwamba anayeuzunguka huongezewa miaka ya kuishi. Tuutie moyoni mzunguko huu: kuuzunguka mbuyu ni kuomba uhai. Tutaona muda si mrefu jinsi maneno hayohayo yalivyogeuka.

5.0 Mbuyu na historia ya Ugogo

Nyumba ya Mgogo wa zamani ilikuwa tembe, iliyojengwa kwa miti na udongo na kuezekwa kwa udongo. Ukoo ukihama kufuata malisho au kukimbia ukame, tembe ilirudi kuwa udongo baada ya misimu michache ya mvua. Hapakubaki ukuta wala msingi wa mawe. Kilichobaki ni mbuyu. Ndiyo maana, katika nchi hii, mti ulifanya kazi ambayo kwingineko hufanywa na magofu.

Tulitazame pia neno mtemi, jina la kiongozi mwenye mamlaka juu ya nchi na juu ya mvua. Wengi hulihusisha na kitenzi kutema. Wako wanaoeleza kwamba mtemi ni yule aliyetangulia kutema pori, yaani aliyefyeka na kuanzisha makazi. Wako wanaoeleza kwamba ni yule anayekata mashauri. Maelezo yote mawili yanarejea kwenye kukata. Basi ikiwa mamlaka juu ya ardhi yalianza kwa kukata miti, mti ulioachwa usimame haukuachwa kwa bahati. Uliachwa kwa kivuli, kwa tunda, kwa kamba, na pia ili uwe alama kwamba hapa palifyekwa, na fulani ndiye aliyefyeka.

Nitatoa ushahidi wa kosa langu mwenyewe. Nilipokuwa mtafiti kijana nilipita vijijini nikikusanya majina ya mimea. Siku moja nilimwuliza mzee mmoja jina la mbuyu mkubwa uliokuwa mbele yetu. Akanitajia jina la mtu. Nikadhani hakunielewa, nikamwuliza tena, akanitajia jina lilelile, na kuongeza kwamba hapo ndipo palipokuwa na boma lake. Nikamshukuru, nikaandika mpela, nikaenda zangu. Ilinichukua miaka mingi kutambua kwamba asiyeelewa nilikuwa mimi. Niliporudi, mzee alikuwa amekwisha kufariki, mti haukuwapo, na barabara ilikuwa imepita mahali pake. Katika daftari langu mna neno moja tu, nalo ni jina ambalo kila Mgogo analijua. Jina ambalo yeye peke yake alilijua sikuliandika.

Katika karne ya 19 njia kuu ya misafara kutoka Bagamoyo kwenda Unyanyembe ilipita Ugogo. Nchi ilikuwa kame, na maji yalikuwa ya visima vilivyochimbwa na kutunzwa na wenyeji. Msafara uliopita ulitoa hongo kwa mtemi: nguo, shanga na nyaya. Burton na Speke walipita mwaka 1857, Stanley akapita mwaka 1871, nao wakaandika malalamiko mengi kuhusu madai ya Wagogo. Lakini hongo ilikuwa ushuru wa halali. Anayekunywa maji ya mwenzake na kulisha wanyama wake katika nchi ya mwenzake hulipa. Leo, katika Kiswahili cha kawaida, hongo ni rushwa. Msafiri aliyelalamika ndiye aliyeshinda katika kamusi, na mwenye kisima akashindwa.

Kisha ikaja Mtunya, njaa kubwa ya miaka ya 1917 hadi 1920. Majeshi ya Wajerumani, na baadaye ya Waingereza, yalichukua nafaka, mifugo na vijana wa kubeba mizigo, mvua nayo ikakosekana. Katika nyakati za njaa, ubuyu na majani ya mbuyu, mabichi au yaliyokaushwa na kutwangwa, yamekuwa miongoni mwa vyakula vilivyookoa watu wa nchi kame. Mwaka huohuo wa 1917 alizaliwa hapa Ugogo Mathias Mnyampala, ambaye baadaye alikuja kuwa mshairi mkubwa wa Kiswahili na mtunzi wa ngonjera. Mwaka 1954 alichapisha kitabu cha historia, mila na desturi za Wagogo. Aliandika kwa Kiswahili ili mapokeo ya watu wake yasomwe na Watanganyika wote. Huo ndio mfano tunaopaswa kuufuata.

6.0 Kutoka shahidi hadi maficho

Sasa turudi kwenye Kiswahili cha leo. Methali ya kwamba mbuyu ulianza kama mchicha bado yasemwa kwa heshima. Humtia moyo anayeanza na kidogo. Lakini kuzunguka mbuyu, maneno ambayo Kaole ni kuomba uhai, katika lugha ya mitaani ni kutoa rushwa, yaani kwenda upande wa pili wa shina ambako macho ya watu hayafiki. Ubuyu nao, katika vinywa vya vijana, umekuwa umbea.

Silaumu vijana, kwa maana lugha ni mali ya wasemaji wake. Ninalotaka tulione ni mwelekeo wa mabadiliko. Hongo ilikuwa ushuru wa wazi, ikawa malipo ya siri. Mbuyu ulikuwa mahali pa hadharani, penye kikao na kivuli, ukawa mahali pa kujificha. Maneno haya mawili, yaliyoishi pamoja katika nchi hii, yamepita njia moja ya aibu. Mwaloni wa Boscobel ulimficha mfalme ukatukuzwa. Mbuyu wetu haukumficha mtu. Uliwashuhudia watu, nasi tukausingizia. Jamii iliyoacha kutumia mti kama shahidi huuona unene wake tu, na unene bila kumbukumbu ni ukuta wa kujifichia.

7.0 Hitimisho

Uamuzi wa kuhamishia makao makuu ya nchi Dodoma ulitolewa mwaka 1973. Mwaka 2007 chuo kikuu kilianzishwa hapa, mwaka 2016 Serikali ilianza kuhamia kwa dhati, na mwaka 2018 Dodoma ikapewa hadhi ya jiji. Haya ni mambo ya kushukuru, na jiji halijengwi bila kukata. Lakini mbuyu haurudishwi kwa kupanda mche mwaka huu. Vipimo vya kaboni vimeonyesha kwamba mibuyu mikongwe huweza kupita miaka 2000. Mbuyu uitwao Panke, huko Zimbabwe, ulikadiriwa kuwa na umri wa takribani miaka 2450, nao ulikufa mwanzoni mwa miaka ya 2010. Utafiti uliochapishwa mwaka 2018 ulionyesha kwamba mingi kati ya mibuyu mikongwe kabisa ya kusini mwa Afrika ilikufa, yote au kwa sehemu, katika muda mfupi uliotangulia. Hata pasipo shoka, shahidi huyu si wa milele.

Kwa hiyo napendekeza mambo mawili. La kwanza, kila mwanafunzi wa isimu na wa fasihi katika chuo hiki apewe kazi ya kuandika habari za mbuyu mmoja: jina la Cigogo la mti ule hasa, si la aina yake tu, jina la aliyekaa hapo, na hadithi inayosimuliwa, hata kama haisadikiki. Aandike kama alivyosikia, kwa herufi sahihi, na azitenganishe l na r. La pili, majina hayo yawafikie wapimaji wa ardhi na wanaotoa majina ya mitaa, ili mti unapolazimika kuondoka, jina lake libaki mahali pake. Mitaa yetu inahitaji majina, na hapa majina yapo, ila yamo vinywani mwa wazee.

Wagiriki wa Dodona waliukosa mwaloni wao zamani sana. Sisi tunaujua kwa sababu mtu mmoja aliwasikiliza wenyeji, akaandika. Mibuyu ya Chimwaga, na mingine mingi ya Dodoma, bado imesimama, na baadhi ya wazee wanaoyajua majina yake wameketi katika ukumbi huu. Nawaomba wanafunzi wasiondoke kabla ya kuwaamkia na kuwauliza. Na mzee akikutajia jina la mtu, usidhani kwamba hakukuelewa.